Je, mgonjwa wa akili anaweza kufungua kesi?

Kila baada ya miezi michache huingia ofisini kwangu, hapa Chumbageni, Tanga, mtu mwenye bahasha ya kaki. Ndani kuna cheti cha hospitali. "Wakili, baba mdogo ni mgonjwa wa akili, hawezi kushtaki. Weka jina langu." Jibu langu ni lilelile: mlete baba mdogo kwanza, nizungumze naye.

Mtu mzima huhesabiwa kuwa na akili timamu mpaka anayedai vinginevyo athibitishe. Sheria yetu ya Mwenendo wa Madai (Sura ya 33), Amri ya 31, kanuni ya 15, inataja watu wa aina mbili ambao hushtaki kupitia msimamizi, yaani mtu anayeendesha shauri kwa niaba yao: aliyekwisha kutamkwa kuwa hana akili timamu, na yule ambaye hajatamkwa hivyo lakini mahakama, baada ya kuchunguza, imeona ugonjwa au udhaifu wa akili unamzuia kulinda maslahi yake katika shauri. Hao wa pili ndio wengi, na kwao kila kitu kinategemea neno "kuchunguza". Cheti ni ushahidi mmoja tu. Hakimu anatakiwa kumsikiliza daktari, kuwasikiliza wanaoishi na mhusika, na mara nyingi azungumze naye mwenyewe.

Nilimwakilisha mzee mmoja wa Sahare ambaye ujanani alipata kulazwa Lutindi, hospitali ya wagonjwa wa akili kule milimani Korogwe. Alimkodisha mtu dau lenye mashine, kodi hakuiona. Upande wa pili ukaleta pingamizi: mdai ana kichaa, na hati ya madai iliyoletwa bila msimamizi iondolewe mahakamani. (Hilo likikubaliwa, gharama anaweza kubebeshwa wakili aliyeiwasilisha, kwa hiyo sikulala vizuri.) Hakimu alimwita mzee mbele. Akamuuliza huu ni mwaka gani. Hakujua. Akamuuliza anamdai nani na kwa nini. Mzee akataja jina, akasema dau limetumika bamvua sita (vipindi vya maji makubwa baharini) bila malipo, akaeleza kodi ya kila bamvua. Ukishindwa je? "Nitaambiwa nimlipe gharama zake. Mwanasheria wangu kanieleza."

Pingamizi likatupwa, na mimi naona hakimu alipatia kabisa. Kutojua mwaka hakumzuii mvuvi kuujua mkataba wake. Kinachopimwa ni uwezo wa kuendesha shauri hili: kuelewa maelezo yakirahisishwa, kuyashika kichwani, kuyapima na kutoa maelekezo. Mtu anaweza kuyamudu madai ya kodi ya dau, akashindwa kabisa na mgogoro wa mirathi wenye hati mia.

Kinyume chake kinanitisha zaidi. Yuko anayezungumza vizuri, anasalimia kwa adabu zote, kumbe baada ya ajali ya kichwa hawezi kuishika hoja moja mpaka mwisho. Huyo husaini suluhu mlangoni mwa mahakama. Uingereza lipo shauri la Dunhill dhidi ya Burgin: mwanamke aliyegongwa na pikipiki mwaka 1999 alikubali pauni 12,500 mwaka 2003, na baadaye ikabainika jeraha lake la ubongo lilikuwa kubwa kuliko lilivyodaiwa. Mwaka 2014 Mahakama ya Juu ikasema uwezo wake upimwe kwa madai aliyostahili kuyaleta, wala si kwa yale madogo yaliyoandikwa na mawakili wake. Kwa kipimo hicho hakuwa na uwezo, na suluhu ile haikusimama, kwa sababu mahakama haikuwa imeiidhinisha.

Kwetu pia msimamizi hawezi kumaliza shauri kwa suluhu bila ruhusa ya mahakama. Na msimamizi mwenyewe lazima awe mtu mzima, mwenye akili timamu, asiyepingana kimaslahi na anayemsimamia. Ndugu anayelitaka shamba lilelile hafai, hata awe ndiye anayempikia.

Kwa hiyo, wewe mwenye bahasha, ukirudi hospitali ya Bombo usiombe barua ya kusema tu baba mdogo anaumwa. Muombe daktari aandike: anaelewa akielezwa polepole? Anakumbuka alichoelezwa asubuhi ikifika jioni? Akimeza dawa hali inabadilikaje? Kisha njoo naye, asubuhi, saa ambayo kichwa chake kimetulia.