Kamera ya siri siyo hiyo

Juzi mpwa wangu kanionyesha tena video iliyoandikwa "kamera ya siri". Kijana anammwagia muuza machungwa ndoo ya maji, mwenzake kashika simu hatua mbili kutoka hapo, na wote wawili wanacheka kabla hata maji hayajamwagika. Nimevumilia mengi, hili limenishinda.

Kamera ya siri ni uchekeshaji unaofanywa mbele ya watu wasiojua kwamba wanarekodiwa. Maana ndiyo hiyo, basi. Tabu iko kwenye jina.

Kwa Kiingereza jina lilienea kupitia Candid Camera, kipindi cha Mmarekani Allen Funt, aliyeanza redioni mwaka 1947 na maikrofoni ya kufichwa, kisha akahamia televisheni. Waingereza wakapata chao cha jina hilohilo mwaka 1960. Sasa, "candid" haina maana ya siri hata kidogo. Mzizi wake ni wa Kilatini, candidus, yaani cheupe, cha kung'aa. Mgombea wa Roma ya kale alivaa joho lililopakwa chaki ili lizidi weupe, na ndiko Kiingereza kilikopata "candidate", mgombea. Kutoka kwenye weupe neno likasogea kwenye unyofu, likawa sifa ya mtu asiyeficha. Sisi hatukuhitaji Kilatini kufika huko: mbona tunasema "kaniambia peupe"? Kwa hiyo jina lilimhusu anayerekodiwa, alivyo, bila kupozi. Sisi tukamtazama mshika kamera aliyejibanza, tukatafsiri kinyume. Peupe ikageuka siri. Haya, tafsiri imeshakaa, siing'oi. Lakini basi siri yenyewe iwepo!

Chukua Trigger Happy TV, iliyoanza kurushwa na Channel 4 ya Uingereza mwaka 2000. Waliiunda watu wawili, Dom Joly mbele ya kamera na Sam Cadman nyuma yake. Joly anaingia mahali patulivu na simu ya mkononi kubwa kama sanduku la nguo. Inalia. Anaipokea kwa kupayuka, watu wanageuza shingo. Au konokono wa kimo cha mtu anatambaa kwenye kivuko cha pundamilia huku magari yakimsubiri. Hapo mjinga ni nani? Mchekeshaji mwenyewe. Mpita njia kaachiwa kazi ya kushangaa, au kujifanya hajaona, na kwa kujifanya hawajaona Waingereza hawana mpinzani.

Watu humtaja Joly peke yake, kumbe nusu ya mzaha wa namna hii imo mikononi mwa kameramani. Lazima akae mbali, avute picha kwa lenzi ndefu, asubiri. Akisogea na kuonekana, mpita njia naye anakuwa mwigizaji: anaweka kola sawa, anatabasamu, na weupe wote umekwisha. Akicheka, picha inatikisika. Sijui ni wangapi kati ya vijana wetu wa simu wangeweza kunyamaza dakika kumi nyuma ya mti.

Tena siri hiyo ina mwisho. Kanuni za Ofcom, wasimamizi wa utangazaji wa Uingereza, zinataka aliyerekodiwa hivyo kwa ajili ya burudani aridhie kabla ya kipindi kurushwa, isipokuwa kama hawezi kutambulika.

Kwa hiyo, mpwa wangu, ile ya machungwa iite prenki, iite mzaha, ukitaka iite uchokozi. Siri sikuiona. Irudishe nyuma kidogo, kabla ya ndoo kuinuliwa: yule mzee anaitazama simu moja kwa moja na kuuliza, "Unanipiga picha ya nini?"