Filamu ya Zamani Si Mali Isiyo na Mwenyewe

Bado tunapokea malalamiko kuhusu filamu fupi za Hungaria za miaka ya 1950 na 1960 zinazopakiwa upya mtandaoni zikiwa na muziki mwingine na nembo ya aliyezipakia. Wengi hufanya hivyo kwa mapenzi tu, tunalijua hilo.

Chukua Pályamunkások ya mwaka 1957, ya mwongozaji Gaál István, iliyopigwa picha na Sára Sándor. Ni dakika chache za nyeusi na nyeupe: vibarua wa reli wakishindilia kokoto chini ya mataruma, zana zikipanda na kushuka kwa pamoja hadi mdundo wa kazi unageuka muziki. Ukiutoa mdundo huo ukaweka wimbo wako, umebakiza nini?

Sasa tuje kwenye sheria. Katika Umoja wa Ulaya, Hungaria ikiwemo, filamu hulindwa kwa miaka 70 baada ya kifo cha wa mwisho kati ya hawa: mwongozaji, mwandishi wa mswada, mwandishi wa mazungumzo na mtunzi wa muziki uliotungwa kwa ajili ya filamu hiyo. Mpigapicha hayumo, ingawa kuna wanaoanza hesabu kimakosa kutoka kifo cha Sára, 2019. Miaka huhesabiwa kuanzia Januari 1 ya mwaka unaofuata kifo. Gaál alifariki 2007, kwa hiyo kwa upande wake pekee ulinzi unafika Desemba 31, 2077. Mwaka filamu ilipotoka hauingii katika hesabu hii, tafadhali. Nje ya Umoja muda unaweza kutofautiana. Soma sheria ya nchi uliyopo kabla ya kupakia chochote.

Mahakama inaweza kuamuru nakala iondolewe, fidia ilipwe na faida irejeshwe. Sheria ya jinai ya Hungaria inafika kifungo cha hadi miaka 2 kwa kosa la msingi, na zaidi hasara ikiwa kubwa. Kuandika chini ya video "sidai umiliki" hakukupunguzii hata siku moja.

Kibali huombwa kwa maandishi. Taja jina la filamu kwa Kihungari pamoja na alama za juu ya herufi zake, kama á, mwaka, sekunde unazohitaji, itaonyeshwa wapi, na kama kuna kiingilio. Wahungari hutanguliza jina la ukoo, hivyo mtafute Gaál, si István. Ombi la "ile ya vibarua wa reli" litarudishwa kwako.