Kofia Sita za Edward de Bono Si Aina Sita za Watu

Wengi waliosikia habari za kofia sita za kufikiri, mbinu ya kuendesha mijadala ya pamoja, huamini kwamba Edward de Bono aliwagawa watu katika makundi sita, na ndiyo maana vikaoni husikika mtu akijitetea kuwa yeye ni "kofia nyeusi" kwa tabia, kwa hiyo kazi yake ni kupinga. Tafsiri hiyo inakwenda kinyume kabisa na makusudio ya mwenye mbinu.

De Bono, daktari aliyezaliwa Malta mwaka 1933 na kufariki mwaka 2021, aliieleza mbinu hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1985 ili kuepusha mabishano ambamo kila mmoja hulinda upande wake. Kofia ni namna ya kufikiri inayovaliwa kwa muda kisha ikavuliwa, na wote waliopo huivaa kwa pamoja: nyeupe wanapokusanya taarifa, nyekundu wanapotaja hisia zao bila kulazimika kuzitetea, nyeusi wanapotafuta hatari, ya njano wanapotafuta manufaa, ya kijani wanapobuni mawazo mapya, na ya bluu wanapoongoza mwenendo wa mjadala wenyewe. Hivyo mzoefu wa kukosoa, zamu ya njano ifikapo, hana budi kutafuta uzuri wa wazo asilolipenda (na hapo, kwa maoni yangu, ndipo penye nguvu ya mbinu hii), huku aliyelileta wazo akitakiwa kulitafutia kasoro yeye mwenyewe. Kofia nyeusi nayo haikudharauliwa. De Bono aliithamini sana, mradi isivaliwe kikao kizima.