Soma kichwa cha barua yako ya kukaimu

Asubuhi moja kwenye boti ya Mokowe, dada aliyekaa mkabala nami alinitolea bahasha iliyolegea kwa kukunjwa. "Baba, wewe ndiye mtu wa mambo ya watumishi. Nimekalia kiti cha mkuu wangu mwaka na miezi. Sasa kimetangazwa. Si changu hiki?"

Si chake. Swali hili nimelijibu mara nyingi tangu nilipokuwa afisa wa utumishi, na kila mara uso wa aliyeuliza hunyong'onyea. Hata ukikaimu mpaka wageni wasahau kwamba kulikuwa na mwingine kabla yako, cheo hakiwi chako kwa kukizoea. Katiba ya Kenya, kifungu cha 232, inataka watu waajiriwe na kupandishwa vyeo kwa ushindani wa haki na kwa sifa zao. Unachoweza kudai ni kushindanishwa kwa haki.

Nilipoifungua barua yenyewe ndipo nikaona jambo ambalo hakuniuliza. Haikusema "kukaimu". Ilisema "majukumu maalum". Wengi hudhani hayo ni majina mawili ya kitu kimoja. Kwa kanuni za Tume ya Utumishi wa Umma, anayekaimu ni yule ambaye tayari ana sifa za cheo kile na anashikilia nafasi ikisubiri kutangazwa. Majukumu maalum hupewa mtu anayefanya kazi ya cheo cha juu huku sifa zake hazijatimia. Posho nazo hutofautiana: anayekaimu hulipwa asilimia 20 ya mshahara wake wa msingi, mwenye majukumu maalum asilimia 15. Mshahara wake yeye, si wa mkubwa anayemshikia. Hapo pia watu hukosea hesabu. Kwa mshahara wa msingi wa shilingi 40,000, mmoja atapata 8,000 na mwenzake 6,000.

Shilingi 2,000 si haba kwa mtu anayelipa nauli ya boti kila siku, lakini mimi iliniuma zaidi ile maana ya barua. Ofisi ilikuwa imeshamwandikia kwamba hajafuzu, naye akaiweka kabatini kwa furaha. Shahada anayo, miaka ya kazi iliyotakiwa anayo. Barua kama hiyo hujibiwa kwa maandishi wiki ile ile, wala si siku ya usaili.

Kuhusu muda, Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya 2017, kifungu cha 34, inasema kukaimu kusipungue siku 30 wala kusizidi miezi 6, na kusiwe sababu ya kuchelewesha kumpata mwenye nafasi. Huku kwetu afisa akihamishwa, kiti chake huweza kukaa wazi misimu miwili ya pepo. Miezi 6 ikipita, kosa ni la ofisi, ila kosa hilo halikupi cheo.

Halafu kuna nafasi ambazo hazikuwa wazi tangu mwanzo. Mwenye kazi yuko likizo ya uzazi, ambayo ni miezi 3, au yuko masomoni, au amesimamishwa akisubiri kesi yake ya nidhamu. Huyo wa mwisho ndiye huwachanganya watu. Nimeona kaimu akipokea pongezi barazani, na mwenyewe akarudishwa kazini akaomba funguo zake. Kabla ya kupanga lolote, uliza kwa maandishi: mwenye nafasi ameondoka, au ametoka tu?

Mtumishi wa kaunti asiyeridhika na uamuzi ana siku 90 za kukata rufaa kwa Tume, kwa maandishi, chini ya kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012. Wengine hukimbilia Malindi, kwenye Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, kabla ya hatua hiyo, wakarudishwa mikono mitupu na siku zimekwisha.

"Na maombi ya nafasi umeshayatuma?" nilimuuliza.

Hakuwa ameyatuma. Alidhani kuomba ni kukubali kwamba kiti si chake. Mwisho wa kupokea maombi ulikuwa Ijumaa, na siku hiyo ilikuwa Jumatano. Boti ikifungwa gatini Mokowe, alikuwa kwenye simu akimwelekeza mwanawe sanduku la vyeti liliko.