Je, wajua kwa nini milinganyo ya Einstein ilimsubiri Yvonne Choquet-Bruhat?

Kwa miaka mingi niliamini kwamba nadharia ya uvutano ilikamilika siku Einstein alipoandika milinganyo yake, Novemba 1915, na kwamba kilichobaki kilikuwa kupiga hesabu tu. Nilikosea, na kosa lenyewe linaeleweka: ndani ya wiki chache mwanafizikia Karl Schwarzschild alishapata jibu kamili la kwanza. Kama jibu lipo, shida iko wapi?

Jibu la Schwarzschild ni la nyota moja ya duara, iliyotulia. Ulimwengu hautulii. Na mlinganyo kuandikika si sawa na kuwa na jibu. “Namba ambayo ukiizidisha kwa 0 unapata 5” inaandikika vizuri, ila haipo. “Namba ambayo ukiizidisha kwa 0 unapata 0” ni namba yoyote ile. Milinganyo ya Einstein ilielekea kuwa na ugonjwa huu wa pili: ukiipa hali ya leo, ilikubali kesho nyingi mno.

Sababu ni ramani. Wapimaji wawili wanapima kijiji kimoja. Mmoja anaanzia kisimani, mwingine mlangoni mwa msikiti. Mwembe uleule unapata namba mbili tofauti, na wote wako sahihi. Einstein alitaka sheria yake ikubali kila ramani ya mahali na wakati, hata inayobadilika katikati ya safari. Sasa ukiuliza namba za kesho, milinganyo inanyamaza, maana haijui kesho utashika ramani ipi.

Mwanahisabati Yvonne Choquet-Bruhat alizaliwa Lille, Ufaransa, mwaka 1923. Baba yake, mwanafizikia Georges Bruhat, alifia katika kambi ya Wanazi mwaka 1945. Katika kazi aliyoichapisha mwaka 1952, Yvonne alichagua ramani iliyokuwa ikijulikana tayari, ambayo namba zake zenyewe hufuata mwendo wa wimbi. Hapo milinganyo ikafunguka.

Mtazame mama anayesuka ukili. Mwaa unaofuata hapangi upite wapi. Njia yake imeshaamuliwa na miyaa iliyo jirani. Kosa la ukingo huu halifiki ukingo wa pili papo hapo, husogea mwaa kwa mwaa. Uvutano nao ukaonekana hivyo: habari yake inasambaa kutoka jirani hadi jirani, bila kuupita mwendo wa mwanga. Lakini ukili ukianzwa vibaya hausukiki. Hali ya mwanzo ina masharti yake, na Yvonne alithibitisha kwamba yakitimia mwanzoni hayavunjiki njiani, na kesho inayotoka ni moja tu. Waliomtangulia walikuwa wameweza kwa hali laini kupita kiasi, ambazo ukijua kipande kidogo umeshajua zote. Humo hakuna habari mpya ya kusafiri. Kwangu mimi hapa ndipo uzuri wa kazi yake ulipo.

Uthibitisho huo ulihusu anga tupu, tena kwa muda mfupi baada ya mwanzo. Mwaka 1969, yeye na mwanafizikia Robert Geroch walionyesha kwamba kila mwanzo halali una mwendelezo mmoja ulio mkubwa kuliko yote. Mwendelezo huo unaishia wapi, ndani ya mashimo meusi hasa (mahali ambapo uvutano ni mkali hata mwanga hautoki), bado ni kazi ya watafiti.

Yvonne alipokuwa Princeton, Marekani, 1951 hadi 1952, alimweleza Einstein mwenyewe kazi yake ubaoni. Mwaka 1979 akawa mwanamke wa kwanza kuwa mwanachama kamili wa Akademia ya Sayansi ya Ufaransa, chombo kilichoanzishwa 1666. Alifariki Februari 2025, akiwa na miaka 101.

Mwaka 2005, mwanafizikia Frans Pretorius alifanikiwa kuifanya kompyuta ifuate mashimo meusi mawili yakizungukana hadi kuungana, jambo lililokuwa limewashinda watu kwa miongo. Ramani aliyotumia ni ya ukoo uleule aliouchagua Yvonne. Septemba 14, 2015, mitambo ya LIGO huko Marekani, iliyojengwa kunasa mawimbi ya uvutano, ikanasa wimbi la mashimo meusi mawili ya kweli yakiungana. Siku hiyo Yvonne alikuwa na miaka 91.