Kohabitasheni ya Ufaransa sio serikali ya nusu mkate

Kila Ufaransa ikibadilisha waziri mkuu hili neno linarudi, watu wanaandika "kohabitasheni" wakimaanisha serikali ya mseto, na kuna wanaomalizia kabisa "kama ile nusu mkate ya Kibaki na Raila". Hapana jamani. Kohabitasheni ni pale rais yuko upande huu na wabunge wengi wako upande ule, sa inabidi amteue mpinzani wake awe waziri mkuu, maana akiweka mtu wake bunge litamng'oa kwa kura. Hiyo ndo maana yake, basi.

Kinachowachanganya watu ni wakiona vyama viwili serikalini. Mchukue Jacques Chirac, mhafidhina aliyepita kotekote. 1974 rais Giscard d'Estaing alimpa uwaziri mkuu, na hawakuwa chama kimoja, ila wote mrengo wa kulia na bungeni ni kambi moja. Wakaja kukorofishana vibaya, Chirac akajiuzulu 1976 akaenda kuanzisha chama chake cha RPR, mwaka uliofuata akawa meya wa Paris. Ugomvi ulikuwepo tena mkubwa, lakini kohabitasheni haikuwepo.

Njoo 1986 sasa. Mitterrand msoshalisti yuko Ikulu, mrengo wa kulia wanachukua bunge, anamwita Chirac. Hakuna kugawana wizara nusu kwa nusu, hakuna mkataba wowote, serikali ni ya Chirac, japo Mitterrand alikataa baadhi ya majina aliyoletewa ya ulinzi na mambo ya nje. Julai Chirac anataka kubinafsisha mashirika ya umma kwa amri za haraka zinazohitaji saini ya rais, Mitterrand anagoma kusaini, Chirac anazungukia bungeni na sheria inapita. Yaani rais anaweza kukuchelewesha tu, kukuzuia hawezi. Kwenye G7 ya Tokyo walienda wote wawili!

Halafu mdahalo wa urais 1988, hapa napapenda sana. Chirac anamwambia leo mimi sio waziri mkuu na wewe sio rais, sisi ni wagombea wawili sawasawa, kwa hiyo nitakuita Bwana Mitterrand. Mzee anajibu taratibu kabisa: uko sahihi, Bwana Waziri Mkuu. Akashinda.

Chirac akaja kupata urais 1995, na 1997 akavunja bunge mwenyewe mwaka mmoja kabla ya muda akidhani atajiimarisha, kumbe anawapisha wa kushoto. Miaka 5 mizima akakaa na waziri mkuu msoshalisti, Jospin. Kura ya maoni ya 2000 ikapunguza muhula wa rais kutoka miaka 7 hadi 5, na tangu 2002 uchaguzi wa bunge kwa kawaida unafuata nyuma tu ya ule wa rais, wapiga kura wakiwa bado upande wake, ndo maana kohabitasheni haijatokea tena.

"Na Barnier, waziri mkuu wa 2024, je?" Ni mhafidhina kweli, na sio chama cha rais Macron, lakini hakuna kambi iliyokuwa na wingi bungeni, na serikali yake ilichanganya chama chake cha Republicans na watu haohao wa Macron, ikaangushwa Desemba. Hiyo iite mseto tu, ukitaka kuongeza "mseto dhaifu" hatutagombana.