Picha juu ya picha: maana yake na inavyotengenezwa

Picha juu ya picha ni mbinu ya kuonyesha taswira mbili au zaidi ndani ya fremu moja, kila moja ikionekana kupitia nyenzake. Haifanani na kukata. Ukikata, mtazamaji anaona noti, kisha anaona uso. Ukipandisha, anaona uso uliomezwa na noti.

Mfano wake ni Inflation ya Hans Richter, msanii na mtengenezaji filamu wa Kijerumani, filamu fupi ya majaribio ya mwaka 1928, iliyotengenezwa iwe utangulizi wa filamu ndefu ya Kijerumani. Inahusu mfumuko wa bei wa Ujerumani uliofuata Vita Kuu ya Kwanza. Kabla ya vita dola 1 ilikuwa marki (pesa ya Ujerumani) 4.2 hivi, Novemba 1923 ilifika marki trilioni 4.2. Ufaransa na Ubelgiji zilikuwa zimeikalia Ruhr, eneo la viwanda la Ujerumani, tangu Januari, wafanyakazi wamegoma, na serikali ya Ujerumani ikawalipa kwa noti ilizozidi kuchapa. Akiba ya miaka mingi ikawa haitoshi mkate. Richter hakusimulia hayo kupitia maisha ya familia fulani: alama ya dola inakabiliana na sifuri za marki zinazozaana, noti na nyuso zikipita. Mhusika mkuu ni bei.

Kwa kamera ya mkanda ya kuzungusha kwa mkono, kazi huenda hivi. Weka alama kwenye fremu ya kuanzia, piga uso. Mzunguko mmoja wa mpini ni fremu 8, basi mizunguko 10 ni fremu 80, yaani sekunde 5 kwa kasi ya fremu 16 kwa sekunde. Funika lenzi, rudisha mkanda mizunguko 10 ileile, fungua, piga picha ya sifuri. Ukisahau kufunika, umeshapiga picha ya tatu usiyoitaka. Stendi ikisogea kidogo katikati ya kazi, taswira inaruka.

Mwanga ndio huwaponza wengi. Mkanda unajumlisha kila unachopokea, kwa hiyo kila mpigo upewe nusu ya mwanga: kama kipimo sahihi cha tundu la lenzi ni f/5.6, piga yote miwili kwa f/8, tundu dogo zaidi linalopitisha nusu yake. Maandishi meupe kwenye ubao mweusi hayahitaji kupunguziwa, kwa sababu weusi hauandiki kitu. Uso utabaki safi pembeni mwa sifuri. Ila uso wenyewe uwe na giza nyuma yake. Sifuri nyeupe juu ya ukuta mweupe haionekani, hata urudie mara ngapi.